Mikono Miwili Juu

Karema,
12 Januari 2025

Bibi Lucia,

Shikamoo. Mke mwenzako ni mzima, nakula na kulala, na ile homa ya Krismasi imeniachia mafua tu. Nasikia mvua huko zimeshika vizuri na mahindi ya nyuma ya nyumba yamefika magotini. Msalimie Baba, msalimie Mama Suzana jirani, na ukipita makaburini mwambie mume wetu Lyamba kwamba mke mdogo bado anamkumbuka kuliko mke mkubwa.

Naandika kwa sababu nikipiga simu lazima ipitie kwa Baba, na Baba akishapokea anaweka sauti ya nje nyumba nzima isikie. Hili sitaki lisikike. Barua nimempa Queen, yule konda wa basi la Mpanda, mwenyeji wa hapo hapo Kawajense. Atakuletea mkononi, na ukijibu mpe yeye.

Siku naondoka uliniuliza hapa bandarini nafanya nini hasa, maana Baba amewatangazia watu kwamba nabeba mifuko. Sibebi, Bibi. Mimi ni mpiga ishara. Meli ikishafunga gatini, kreni inanyanyua mzigo kutoka kwenye lori na kuushusha kwenye tumbo la meli. Gideon, dereva wa kreni, yuko kule juu kwenye kibanda chake na hawezi kuona ndani ya meli kuna nini. Anachoona ni mikono yangu. Nikizungusha kidole juu anapandisha, nikikielekeza chini anashusha, nikinyoosha mkono upande anapeleka upande huo. Saruji inayokwenda Kongo, mchele wa Mpimbwe, mabati, unga, vyote vinaongozwa na mikono hii uliyokuwa ukiichapa kwa wizi wa sukari.

Dereva anafuata mikono ya mpiga ishara wake tu. Wengine wapunge mpaka wachoke, kwake ni kama nzi. Isipokuwa ishara moja. Mikono miwili juu, viganja wazi, maana yake simama, na hiyo anaruhusiwa kuitoa mtu yeyote, awe kuli, mlinzi au mama wa uji. Dereva akiiona anasimamisha kwanza, maswali baadaye. Ndivyo tulivyofundishwa siku ya kwanza, na ndiyo sheria ninayoipenda kuliko zote za hapa.

Sasa lililonifanya nishike kalamu. Kampuni yetu ya upakiaji imeleta msimamizi mpya wa zamu, anaitwa Ezekia. Amekuja na maneno yake kwamba manahodha hawafurahi kuona mwanamke amesimama juu ya meli anaamrisha wanaume. Nahodha gani, hasemi. Anataka nihamie getini kukagua vitambulisho, na nafasi yangu apewe mfanyakazi mwenzangu, Deo. Anasema ni kwa usalama wangu. Nimemwambia nitafikiri, lakini Bibi, sifikirii chochote. Sihami.

Nishauri, ila usinishauri nirudi nyumbani.

Mjukuu na mke mwenzako,
Skolastika


Kawajense,
2 Februari 2025

Mke mwenzangu mtundu,

Marahaba. Barua nimeipata, imelowa pembeni maana Queen aliiweka chini ya kreti la soda, lakini mwandiko unasomeka. Bado unaandika herufi za kulala chali. Masista wangekuchapa. Mimi nyonga inanisumbua asubuhi, mchana inanisahau. Mama Suzana amepata mjukuu wa kike, wamemwita Glory, analia kama pikipiki isiyotaka kuwaka. Baba yako mzima, anakohoa na kutoa amri. Mume wetu nimemfikishia salamu zako na hakujibu, kama kawaida yake.

Umesema nikushauri. Nenda getini.

Usikunje uso, nisome kwanza. Getini kuna kiti na kivuli. Mshahara ni ule ule, au sivyo? Utavaa viatu vizuri. Huko juu ya meli jua linakupiga, wanaume wanakuchukia, na siku likitokea la kutokea watasema ni wewe. Mimi Karema naijua kuliko unavyoijua wewe. Nimezaliwa pale, nimesomeshwa pale misheni, nimechota maji ya ziwa lile kabla hakujawa na gati wala kreni. Usiniulize kwa nini sijawahi kurudi. Nakwambia tu kwamba ufuko ule haupendi sauti ya mwanamke.

Jambo lingine. Baba yako amekutafutia mtu Kibaoni, amefiwa na mkewe, ana mashamba ya mpunga na pikipiki mbili. Alikuja Jumapili. Nimemwangalia vizuri. Anaongea na chakula mdomoni na anamwita baba yako mzee wakati yeye ndiye mwenye mvi nyingi. Sikukuambia umkubali, nimekuambia yupo.

Na hiyo sheria yako ya mikono ni ya ajabu. Mikono miwili juu mimi naiinua kanisani, na kwenye harusi, na nikimwona mtu niliyemkumbuka. Ningekuwa hapo kazi isingekwenda.

Nenda getini, Skola.

Lucia


Karema,
23 Machi 2025

Bibi,

Shikamoo, na nyonga iendelee kukusahau. Nimechelewa kwa kuwa barabara ilikatika na basi likawa linaishia njiani, na pia kwa kuwa nilikukasirikia. Hasira imepungua lakini haijaisha. Hongera kwa Mama Suzana. Yule wa Kibaoni mwambie Baba amalizane naye mwenyewe, ikibidi amwoe yeye.

Getini sikwenda. Ezekia alimweka Deo juu ya meli, akanipangia kiti changu na daftari la wageni. Sikukikalia. Kila asubuhi nilivaa helmeti na reflekta yangu nikasimama gatini, nyuma ya mstari wa njano ambako mfanyakazi yeyote anaruhusiwa kusimama. Wa kwanza kucheka walikuwa makuli. Baadaye wakaniletea uji. Ezekia akawa ananipita kama mlingoti.

Deo si mtu mbaya. Mikono yake iko sawa ila macho yake yanafuata mzigo, hayafuati watu. Ijumaa ya juzi walikuwa wanapakia saruji. Mzigo ukiwa hewani, Telesfori, kuli mmoja mtu mzima, ndala yake ilichomoka pale ukingoni mwa meli, akarudi akainama kuitafuta. Alikuwa ameinama pale pale mzigo ulipokuwa unapita. Deo alikuwa amempa mgongo. Niliinua mikono miwili. Gideon akasimamisha, mzigo ukabembea, mifuko miwili ikachomoka ikapasukia kwenye sakafu ya meli, vumbi likatufunika sote. Telesfori alitoka kule upande wa pili na ndala yake mkononi, hana hata mkwaruzo.

Na hapo ndipo kesi ilipoanzia, Bibi. Kwa kuwa hakuumia, hakuna kilichotokea. Ezekia anasema mzigo ungempita salama, kwamba mifuko ilipasuka kwa sababu ya mshtuko wa kusimamisha, na kwamba nilifanya hivyo kumkomoa Deo. Telesfori mwenyewe anasema hajui, alikuwa anaangalia ndala. Sasa mimi nitaonyesha nini? Ningesubiri mfuko umwangukie ndipo ningekuwa na ushahidi. Nimelia kwa hasira mpaka shingo ikauma.

Wamenisimamisha kazi. Kuna kikao kitakaa kunijadili, na Ezekia amesema kitakuwa chepesi kama nitaandika barua ya kuomba radhi. Alinipa karatasi na kalamu pale pale ofisini, akasimama juu yangu. Nikaandika: "Nilisimamisha, na nikiona tena nitasimamisha tena." Nikaweka sahihi. Aliikunja akaitia mfukoni, akasema nitafukuzwa kwa mwandiko wangu mwenyewe.

Nikiomba radhi narudi, japo ni getini. Nisipoomba nafukuzwa, na kampuni nyingine ya kupakia hapa hakuna. Hii ni kazi pekee niliyowahi kuijua vizuri na kuipenda. Sitaki kuipoteza, na sitaki kusema uongo. Usinijibu kama hutakuwa upande wangu.

Skolastika


Kawajense,
27 Aprili 2025

Mjukuu wangu,

Hapa wote wazima. Mahindi yamekomaa, nyani wamekula robo na jirani mmoja nisiyemtaja amekula robo nyingine. Baba yako amejua umesimamishwa, sijui nani kamwambia, na tangu hapo anatembea kama mtu aliyeshinda bahati nasibu. Anasema utarudi kabla ya mavuno. Nimemwacha aseme.

Nimekaa na barua yako muda mrefu, usidhani ilipotea. Kila nikishika kalamu naiweka chini. Leo naandika nimalize.

Nilikuambia usiniulize kuhusu Karema. Sasa sikia. Nilikuwa msichana, bado niko shule kwa masista, nywele zangu zimenyolewa. Pale ufukweni, kabla ya hilo gati lenu, wanaume walikuwa wanavuta mitumbwi mikubwa ya mizigo juu ya magogo, kamba begani, wimbo mdomoni. Siku hiyo walikuwa wanavuta mtumbwi umejaa magunia ya dagaa. Mzee mmoja alikuwa amelala kifudifudi anapanga gogo chini ya mtumbwi huo. Nikaona gogo la nyuma limeteleza. Hakuna mwingine aliyeliona, wote walikuwa wanatazama mbele. Nikapiga kelele nikasema acheni.

Wakaacha. Mtumbwi ukarudi nyuma wenyewe, ukaingia majini, dagaa wote wakalowa. Yule mzee akainuka akajikung'uta mchanga. Hakuna aliyeumia, kwa hiyo hakuna aliyeniuliza niliona nini. Waliniuliza nani kanituma. Walisema nina mdomo wa nuksi, kwamba nimeutia mzigo laana kwa kelele zangu. Baba yangu alitakiwa ajibu kwa niaba yangu, naye akajibu kwa kunipandisha lori la misheni kwenda Mpanda kwa dada yake. Wiki hiyo hiyo. Sikumaliza shule. Huko Mpanda ndiko mume wetu alinikuta. Baba alipokufa nilitumiwa habari nisije kumzika, nisiende kuharibu msiba.

Niliponyamaza sikunyamaza kwa aibu, Skola. Nilinyamaza kwa hasira, nikaona ufuko wenyewe hauna haki ya kunisikia tena. Nilipokuambia uende getini niliogopa usije ukapandishwa lori. Nilikosea kukuambia vile. Sasa nakuambia hivi: usiandike hiyo radhi. Hata wakikushikia kalamu.

Kikao chako ni lini? Nijibu upesi. Kitenge changu cha safari nimekifua. Baba yako anadhani nitakwenda Kibaoni kununua mchele, na mimi sijamwambia kwamba anakosea.

Lucia


Karema,
29 Juni 2025

Bibi yangu,

Shikamoo tena, maana ile ya juzi ilipotelea kwenye fujo. Natumaini basi lilikufikisha salama na nyonga haikukasirika. Dada wa misheni aliyekupeleka makaburini ameniambia ulikaa kwenye kaburi la baba yako muda mrefu, na alipokuuliza kama unasali ulisema unajibizana. Nilitaka nikusindikize stendi lakini ulishaondoka na basi la asubuhi kama mtu aliyetoroka deni. Hukungoja hata kujua yaliyofuata. Basi nakusimulia, kwanza lile uliloliona wewe kutoka nje, halafu la ndani.

Wewe ulifika pale kwenye uzio ukaniona nimesimama mlango wa ofisi. Nilikuwa naitwa kikaoni wakati huo. Ukaangusha kikapu, ukainua mikono yote miwili, viganja wazi, na kile kigelegele chako. Kule gatini Gideon alikuwa na mzigo hewani. Kutoka kibandani kwake uzio wote anauona. Akasimamisha.

Nilidhani kreni imeharibika. Kila kitu kilitulia, makuli wamesimama na mikono viunoni, Deo anageuka huku na huku, na wewe bado mikono iko juu. Ezekia alitoka ofisini mbio, akapaza sauti kuuliza nani kasimamisha kazi. Gideon akakuonyesha wewe kwa kidole. Ezekia akamwambia aendelee, yule ni bibi kizee anasalimia watu. Gideon akafungua dirisha lake. Alisema polepole, na wote tulimsikia.

"Mimi sichagui mikono, bosi. Nikianza kuuliza huyu ana nia gani na yule ana nia gani, siku moja nitamuua mtu. Mlishamwadhibu Skola kwa mikono hii hii. Basi mniandikie mimi kabisa ni mikono ya nani nisiiogope."

Akazima injini. Mkuu wa kampuni, yule aliyekuja kutoka mjini kuendesha kikao changu, alikuwa ametoka nje na kikombe chake cha chai, naye akasikia. Makuli wakakaa chini juu ya mifuko, mmoja mmoja, bila mtu kuwaambia. Telesfori akakaa wa kwanza. Hapo ndipo nilipokimbilia kwako kwenye uzio nikakushika mikono kupitia kwenye nyaya, ukaishusha, na ukaniuliza kama nimekonda. Ulitaka kuniua kwa kicheko na kilio kwa pamoja.

Sasa la ndani. Kikao hakikuwa kirefu. Mkuu alimwuliza Ezekia sheria ya mikono miwili inasema ishara hiyo aitoe nani. Ezekia akasema mtu yeyote. Akamwuliza kama inasema lazima mtu aumie ndipo ionekane ilikuwa sahihi. Ezekia akasema anachojua yeye ni kwamba mifuko ilipasuka. Nikaomba kusema, nikasema mifuko inazibwa. Karatasi yangu ikatolewa mfukoni kwa Ezekia, mkuu akaisoma kwa sauti, akasema hii si barua ya radhi, hii ni kanuni ya kazi, akairudisha mezani.

Nimerudi juu ya meli tangu Jumatatu. Usifurahi kupita kiasi. Ezekia bado yuko na bado ananipita kama mlingoti. Lile suala la wanawake kwenda getini hawajalifuta, wamesema litajadiliwa wakati mwingine. Wakilijadili nitawajibu. Deo ameomba tupeane zamu ili ajifunze, nami nimekubali, na jambo la kwanza nililomfundisha ni kuangalia watu kabla ya mzigo. Makuli sasa wakiniona wanainua mikono miwili na kupiga kigelegele, mpaka Gideon amewatishia kuwashushia ndoano.

Lakini kuna kitu kinaninyima usingizi. Nilikuandikia sheria ile mwezi wa kwanza, na wewe ukanijibu kwamba ungekuwa hapa kazi isingekwenda. Ulijua. Tena Queen alikupelekea tarehe tu, lakini ulifika saa ile ile ya kikao, na kreni ina mzigo. Hapa wote wananiuliza, hata mkuu aliniuliza huku anacheka. Niambie mimi peke yangu. Ulikuwa unanisalimia, au ulikuwa unasimamisha?

Skolastika


Kawajense,
13 Julai 2025

Mke mwenzangu,

Marahaba, marahaba mara mbili, ile iliyopotea na hii. Nilifika salama. Nyonga ilikasirika siku mbili ikaacha. Glory wa Mama Suzana ametoa jino. Baba yako aliniuliza mchele wa Kibaoni uko wapi, nikamwambia ulikuwa ghali. Kisha Queen akapita hapa na mdomo wake, akasimulia kila kitu mbele ya kila mtu, na wapita njia wakasogea wasikie. Baba yako alisikiliza mpaka mwisho bila kukohoa. Jioni nikamsikia barazani anamwambia mtu kwenye simu, sauti ya nje, kwamba binti yake ndiye anayeongoza kreni ya Karema. Yule wa Kibaoni amepata mwingine, anaitwa Matilda, Mungu amsaidie huyo dada.

Kaburi la baba nililikuta limemea majani. Nimeyang'oa. Nilimwambia nimekuja na kwamba sikuja kuomba radhi, na tumeachana hivyo.

Sasa swali lako. Wakikuuliza tena ofisini, waambie bibi yako ni mzee, haoni vizuri, alikuwa anakusalimia. Mkuu akicheka, cheka naye.

Wewe nitakuambia. Nilipoinua mikono nilikuwa nakusalimia, naapa kwa mume wetu. Sikukumbuka sheria wala nini, niliona tu ni wewe na kwamba umekonda. Halafu ule mzigo ukasimama hewani. Nikaangalia, nikaona wanaume wote wa ufuko ule wametulia wananitazama mimi, na hakuna hata mmoja aliyeniuliza nani kanituma. Ndipo nikakumbuka. Mabega yalianza kuniuma, Skola, yaliniuma sana, na nilijua kabisa kwamba nikishusha mikono kazi itaendelea.

Sikuishusha.

Lucia